Kumbukumbu ya mradi: Paul Robeson kwa masikio tu

Sehemu ya pili ya podikasti yangu kuhusu Paul Robeson, mwimbaji na mwigizaji mweusi wa Marekani, imekamilika kurekodiwa. Ya kwanza niliipitisha mbio: Robeson kuzaliwa Princeton 1898, mpira wa Marekani pale Chuo Kikuu cha Rutgers, shahada ya sheria Columbia 1923, kisha kuipa sheria kisogo na kupanda jukwaani. Hayo yameshaandikwa mno.

Sehemu ya pili ni ya filamu, na humo nimezama. Mwaka 1935 ilitoka Sanders of the River, kazi ya ndugu wawili, Alexander Korda mtayarishaji na Zoltan mwongozaji. Robeson ni chifu Bosambo. Kijiji cha Kiafrika kilijengwa kwenye studio za Shepperton, Uingereza, na kati ya waliopewa vijisehemu alikuwamo Jomo Kenyatta, enzi hizo akihangaika na maisha London. Mpwa wangu aliposikia rasimu akadakia, "Mjomba, alilipwa?" Alilipwa, na hela aliihitaji kwelikweli.

Robeson aliingia kwa moyo mweupe. Alikuwa akisoma lugha za Kiafrika hukohuko London, Kiswahili kikiwemo, akaamini filamu itatuheshimu. Ilipotoka ikawa ni kumsifu afisa wa kikoloni mwanzo mwisho. Baadaye aliikana hadharani. Mimi naona hapo ndipo penye kiini cha kazi yake yote: kwenye filamu, mwenye mkasi ndiye mwenye neno la mwisho. Jukwaani, hakuna wa kumkata. Othello yake, tamthilia ya Shakespeare, iliyoanza Broadway, New York, 1943 ilifikisha maonyesho 296. Redioni pia: Novemba 1939 aliimba wimbo wa Ballad for Americans kupitia CBS, shirika la redio la Marekani, ikaenda hewani moja kwa moja.

Ila kisa ninachokipenda zaidi ni cha filamu ya The Proud Valley, ambamo yeye ni baharia mweusi anayepokelewa na wachimba makaa wa Wales kwa sababu ya sauti yake nzito ya besi. Tarehe 25 Februari 1940, BBC waliizindua redioni kwanza: walichukua sauti za filamu, wakazipunguza hadi saa moja, wakarusha. Filamu bila picha! Nilipokutana na habari hiyo nikajua sijapotea njia.

Rekodi zake zina wenyewe, kwa hiyo sizitumii. Nimemwomba jamaa wa besi kwenye kwaya ya mtaani kwetu aimbe Deep River, wimbo wa zamani usio na mmiliki. Akishuka zile noti za chini kabisa, kipaza sauti kilikuwa kinanguruma tu, maneno hayasikiki. Nikakihamisha kikawa pembeni ya mdomo, nyuma yake nikatundika blanketi, na sasa hata pumzi anayovuta kabla ya mstari inasikika. Hiyo pumzi siikati ng'o.

Sehemu ya tatu ni ya pasipoti. Marekani walimnyang'anya 1950 kwa ajili ya siasa zake, akarudishiwa 1958. Katikati, mwaka 1957, akiwa New York aliwaimbia watu wa London kupitia waya wa simu uliolazwa chini ya Atlantiki, na miezi michache baadaye wachimbaji wa Wales waliokusanyika Porthcawl. Besi yetu nayo nitaipitisha kwenye simu: jamaa akae kwake anipigie, nirekodi huku. Kinachosubiriwa ni siku asiyokuwa na zamu kazini.