Usiku wa Misungwi na Gari Lililoipita Sauti

Nilitoka Mang'ola Jumatatu alfajiri, nimebanwa katikati ya magunia ya vitunguu kwenye Noah, nikashuka Makuyuni kusubiri basi la Arusha kwenda Mwanza. Nauli niliyotozwa ni ileile ya aliyepandia Arusha. Nilipouliza kwa nini, konda akanijibu kwamba kiti ni kimoja hata ukikikalia nusu ya safari. Nikalipa. Nilikuwa nafuata deni la vitunguu, na mdai hana ujanja wa kuchelewa.

Babati, Katesh, Singida, Nzega, hadi Shinyanga hakuna la kusimulia, ila maumivu ya mgongo na chai ya shilingi 1,000 isiyo na majani. Kila mshale ulipogusa 80, kifaa cha mwendo kililia na dereva akaachia mafuta. Kutoka Makuyuni hadi Mwanza ni kiasi cha kilometa 700, na nilikuwa nikipiga hesabu ambayo nimeipiga katika kila safari tangu nikiwa kidato cha pili: lile gari la Waingereza, Thrust SSC, lingemaliza njia hii kwa dakika 35. Magari ya jeti nimeyapenda tangu nilipoona picha ya lile gari jeusi lenye injini mbili za ndege ubavuni, na mapenzi hayo hayajawahi kupungua.

Tulipopita Mabuki jua likiwa limelala, harufu ya oili ikaingia ndani. Basi likaanza kukosa nguvu, nyuma yetu barabara yote ikawa moshi wa rangi ya buluu. Tukajikokota hadi Misungwi, likazima. Utingo akakata matawi akayalaza barabarani. Mwanza ilikuwa mbele yetu kilometa zisizofika 50.

Konda akasema nusu saa. Ikawa saa moja, ikawa mbili. Aliyeomba arudishiwe hata 3,000 ya kupanda Hiace akaambiwa pesa iko ofisini. Mama mmoja alikuwa na mtoto mwenye homa. Abiria tukamchangia, akaondoka na bodaboda. Wali kwa samaki pale kando ya barabara ulikuwa 3,000 tuliposhuka, na giza lilipoingia ukawa 5,000.

Fundi alikuja kwa baiskeli. Mzee wa makamo ya baba yangu mkubwa, koti la bluu limeshiba grisi, wenyeji wote wakimwita Babu Fundi. Akaongea na dereva kwa Kisukuma, akainama, akasema neno moja: "Tabo," yaani tabochaja ya injini. Konda akapiga simu Mwanza itafutwe nyingine, na mzee akaanza kufungua. Alihitaji mtu wa kumulika. Nikawasha tochi ya simu.

"Shikamoo, Babu."

"Marahaba, mwanangu. Shusha mwanga hapa."

Nilimmulikia karibu saa tatu, na sijutii hata dakika moja. Tabo ilipotoka aliifuta kwa kitambaa, akaniwekea mkononi. Ilikuwa na uzito wa mtoto mchanga, bado ya moto. Ndani mna shafti fupi, nene kama kidole cha mwisho, huku na huku ina gurudumu dogo lenye mapanga yaliyopinda kama petali za ua. Akanishika kidole akanisukumia ile shafti: ikacheza juu na chini. "Nzima haichezi hivi. Oili haikufika, bushi ikaliwa, mapanga yakaanza kukwaruza nyumba yake. Pulizia." Nikapuliza. Likazunguka robo, likakwama kwa mlio wa kijiko juu ya sufuria. Mapanga matatu yalikuwa yamemegeka ncha.

Akanieleza taratibu, kama anavyoelezwa mwanafunzi: moshi unaotoka kwenye injini unalizungusha gurudumu la huku, nalo kwa kuwa limeungwa na la kule, linavuta hewa na kuishindilia ndani ya injini. Nikashindwa kunyamaza. Nikamwambia, Babu, injini ya ndege ya jeti ni hii hii. Mbele mapanga ya kushindilia hewa, nyuma mapanga ya kuzungushwa na moto, tofauti ni kwamba mafuta yanachomwa hapo hapo katikati, na upepo unaobaki unatoka nyuma kwa nguvu ya kusukuma ndege. Na wako watu wamezichukua injini hizo wakazifunga kwenye gari.

Spana ikasimama. "Gari la barabarani?"

"La ardhini, Babu. Tarehe 15 Oktoba 1997, kule Nevada, Marekani, rubani wa jeshi la anga la Uingereza, Andy Green, alikwenda kilometa 1,228 kwa saa. Aliipita kasi ya sauti. Watu wa mji wa jirani waliusikia mshindo wake."

Abiria wawili watatu walikuwa wamesogea. Babu Fundi hakushangaa kwa kelele kama wao. Aliuliza maswali, na kila swali lilikuwa la mtu anayejua chuma. Injini inazungushaje tairi? Haizungushi, magurudumu yanabeba tu, upepo ndio unaosukuma. Tairi gani zinavumilia? Hakuna mpira, ni alumini ngumu, kwa sababu mpira ungechanika vipande. Linakula mafuta kiasi gani? Lita 18 kwa sekunde. Hapo dereva wetu alishika kichwa. Usukani wake? Nikasema uko nyuma, kwa sababu injini mbili za mbele hazikuacha nafasi ya magurudumu kukata kona, na aliyebuni jambo hilo alilijaribu kwanza kwenye gari dogo aina ya Mini, akaliwekea usukani wa magurudumu ya nyuma. Mzee akacheka kwa furaha ya kweli, akapiga goti lake. "Huyo ni fundi. Amejaribu kwa kidogo kwanza."

Kisha akauliza swali ambalo mimi, kwa miaka yote ya kulipenda jambo hili, sikuwahi kuanza nalo: "Na breki?"

Miavuli, nikamwambia. Unafungua mwavuli nyuma, mwendo ukishapungua ndipo unagusa breki. Nikamsimulia Craig Breedlove, Mmarekani, Oktoba 1964 kwenye uwanda wa chumvi wa Bonneville. Ametoka kuweka rekodi ya kilometa 847 kwa saa, anavuta mwavuli, mwavuli unakatika. Anakanyaga breki, breki zinaungua. Gari likakata nguzo ya simu, likaruka tuta, likazama puani kwenye bwawa la maji ya chumvi. Akajitoa, akaogelea hadi nchi kavu akiwa mzima.

"Mungu alimpenda," akasema mama mwenye kikapu. Babu Fundi alikaa kimya kidogo, akamtazama dereva wetu, akarudi kwenye kazi.

Tabo ya mtumba ilifika saa nne usiku kwa Hiace. Tukisubiri afunge boliti za mwisho nilimweleza kinachoniuma zaidi katika habari zote hizo: rekodi haihesabiwi mpaka uende na urudi ndani ya saa moja, na siku mbili kabla ya ushindi Waingereza wale walikwishaipita sauti kwenda na kurudi, ila walichelewa kwa kitu cha dakika moja. Ikafutwa. Wakalala, wakaamka, wakarudia. Abiria wenzangu waliokuwa wakilalamikia saa tano za Misungwi walilielewa hilo vizuri.

Kabla sijapanda, mzee akaniomba: "Ukipata picha ya gari hilo, niletee."

Nyegezi tulifika saa saba usiku. Bodaboda akataka 7,000, gesti 30,000, na pangaboi la chumbani halikuzunguka.

Siku nne za Mwanza ziliishia kwenye deni. Nililipwa nusu. Jioni nilikuwa nikishuka hadi ufukweni, pale unapoliona jiwe la Bismarck limesimama majini, nakaa tu. Kwetu ziwa ni Eyasi. Kiangazi maji yake hujikusanya katikati na kuacha uwanda mweupe usio na mwisho, na utotoni tulikuwa tukikimbiza baiskeli juu ya ukoko wa chumvi hadi tairi zinapozama kwenye tope. Black Rock alikopita Andy Green ni ziwa lililokauka. Bonneville vivyo hivyo. Hakskeen Pan kule Afrika Kusini ni hivyo pia. Huko mwaka 2019 gari jingine la jeti, Bloodhound, lilifikisha kilometa 1,010 kwa saa, baada ya wanakijiji 317 wa jamii ya Mier kuokota kwa mikono tani 16,500 za mawe ili njia iwe safi. Watu wale ninawawaza kuliko dereva. Najua jua la uwanda wa namna hiyo linavyochoma mgongo wa aliyeinama.

Na hili ziwa lililokuwa likinilowesha miguu nalo lilikauka. Wanasayansi waliochimba tope la chini wanasema Victoria ilikuwa nchi kavu miaka 15,000 hivi iliyopita. Niliyatazama mashua ya dagaa yanawasha taa zao, nikajaribu kuona pale pote pakiwa peupe na kavu kama kwetu. Nikaogopa. Rekodi napenda zivunjwe, lakini sitaki njia nyingine ya kukimbilia ipatikane kwa gharama hiyo, si hapa wala Mang'ola, ambako kila mwaka tunachungulia kama mifereji ya vitunguu bado ina maji.

Siku ya kurudi nilichapisha picha ya rangi kwenye duka moja la steshenari karibu na Soko Kuu, shilingi 1,500 kwa karatasi moja, nikamwomba konda asimame Misungwi dakika mbili. Alikubali kwa kunung'unika. Babu Fundi alikuwa chini ya Fuso, miguu tu nje. Nikamwita. Ukatoka mkono, ukajifuta kwenye koti, ukaishika picha kwa pembe.

Aliitazama muda mrefu akiwa amelala vilevile, honi ya basi ikilia. Gari jeusi, jangwa, na Andy Green.

"Huyu ndiye dereva," akasema. "Mafundi wako wapi?"

"Hawamo, Babu."

"Waandike nyuma."

Nikachukua kalamu mfukoni mwa konda, nikaandika juu ya bodi ya Fuso: Ron Ayers, aliyechora umbo. Glynne Bowsher, wa usukani wa nyuma. Akaniambia nimsomee majina hayo mara mbili, akayarudia kwa sauti.