Siku moja maishani mwangu: gitaa, taa na ukuta

Hii ni Jumamosi iliyopita, ingawa nyingi hufanana.

Saa nne asubuhi naamka. Majirani wameshanihesabu mvivu. Hawajui kwamba nimeweka ubavu chini saa kumi alfajiri.

Saa tano, mazoezi. Gitaa halijachomekwa popote, metronomu inagonga mapigo 60 kwa dakika, nami naligawa kila pigo mara nne. Mkono wa kulia unapanda na kushuka bila kupumzika, kama wa mtu anayepiga viatu brashi. Wa kushoto ndio bawabu: unaamua nyuzi zipi zilie na zipi zizibwe. Katika mikwaruzo 16 ya kipimo kimoja, yaani mapigo manne, pengine mitatu tu ndiyo itatoa noti. Iliyobaki ni chk-chk kavu. Ndiyo funk hiyo, muziki wa midundo wa kuchezesha watu. Jimmy Nolen, mpiga gitaa aliyejiunga na bendi ya mwimbaji James Brown mwaka 1965, alikuwa akiibana kordi (noti kadhaa zinazolia pamoja) na kuiachia papo hapo, mpaka mtindo wake ukafananishwa na kuku anayechakura. Ukisikiliza utadhani ni rahisi. Jaribu dakika tano, kisha ulitafute bega lako.

Saa saba wanafunzi wawili, mmoja hakufanya mazoezi. Saa tisa nabadilisha nyuzi, maana za zamani zimeliwa na jasho. Mpya nazivuta moja moja kwa vidole mpaka ziache kulegea, la sivyo zitaniaibisha katikati ya wimbo.

Saa kumi na moja niko ukumbini, bendi yetu inapiga harusini. Tuliahidiwa kupima sauti saa kumi na moja na nusu. Saa kumi na mbili wapambaji bado wako juu ya ngazi na jukwaa limejaa maua. Saa moja, wageni wakiwa mlangoni, ndipo nikachomeka gitaa. Amplifaya ikatoa mngurumo mzito usiokatika.

"Kaka, gitaa lako ni bovu," msimamizi wa shughuli akasema.

"Si bovu, dada. Ni taa zenu."

Akanitazama kama nimemtukania mama. Gitaa langu lina pikapu za koili moja, yaani vinasa sauti vya sumaku vilivyo chini ya nyuzi, kila kimoja na koili moja ya waya. Ndizo zinazotoa ile sauti nyembamba, ya kung'ata, ninayoitaka. Ubaya wake, hunasa kila takataka ya umeme iliyo karibu, na zile swichi za kufifisha taa huukatakata umeme mpaka ukapiga kelele. Nikamwomba aziwashe taa kwa nguvu zote au azime kabisa. Haiwezekani, mwanga huo umechaguliwa na bibi harusi mwenyewe. Nikamwomba basi anihamishie waya kwenye soketi nyingine. Akamwita fundi umeme. Fundi akaja, akatazama, akasema gitaa ni bovu.

Nikaona bora niwaonyeshe. Nikageuka robo duara kuelekea ukutani: kimya. Nikarudi kuwatazama wageni: mngurumo. Ukuta, kimya. Wageni, mngurumo. Nikafanya hivyo mara tatu, nikijisikia wakili aliyeshinda kesi.

"Vizuri," msimamizi akasema. "Basi kaa hivyo hivyo."

Nikapiga shughuli nzima nimeupa ukuta uso.

Awamu ya kwanza ilikuwa jazz ya wakati wa kula, laini, kwa dole gumba badala ya piki, kile kibao kidogo cha kukwaruzia nyuzi. Hakuna anayesikiliza, na ndiyo makubaliano. Mzee mmoja alikuja akaniinamia sikioni: "Kijana, mchana unafanya kazi gani?" Nikatamani kumsimulia habari za Wes Montgomery, mpiga gitaa wa jazz aliyekuwa akishinda kiwandani na kukesha klabuni huko Indianapolis kabla dunia haijamjua. Nikasema nafundisha. Akaridhika.

Baadaye, sijui saa ngapi, watu wakasimama kucheza. Hapo saa ya ukutani haina maana tena. Kordi ni E9 ileile, dakika ya saba, bega linawaka, na yule mzee karudi: "Mbona unarudia kitu kimoja tu? Tia solo!" Nikaacha vipimo viwili ninyooshe vidole. Mpiga besi akageuka kunitazama kana kwamba nimemfia. Wachezaji nao wakapunguza mwendo bila kujua kwa nini. Sikumjibu mzee. Nikarudi kwenye E9 yangu.

Tulipomaliza nilikuwa nakunja waya huku nasinzia. Amplifaya nilikuwa bado sijaizima, na gitaa liliegemea kiti likiwatazama waliokuwa wageni, likinguruma. Mpambaji akafika kwenye swichi, akazima taa zake.

Kimya.

Nikamtafuta msimamizi kwa macho ukumbi mzima. Alikuwa ameshaondoka, na bahasha yenye salio letu pia.