Mpima macho mwenzangu, Marianne

Ninapima macho mwaka wa 19 sasa. Kwenye tamthilia nimeona madaktari wa kila aina, mawakili, na mapolisi nisioweza kuwahesabu. Mpima macho nimemwona mmoja tu: Hortense wa Secrets & Lies, filamu ya Mike Leigh ya mwaka 1996. Aliyemwigiza ni Marianne Jean-Baptiste, Mwingereza mzaliwa wa London. Kwa hiyo ninampendelea, na sifichi.

Binti wa kaka yangu alinikuta naitazama tena juzi. "Shangazi, huyu si yule wa FBI?" Ndiye. Yeye anamjua kama Vivian Johnson wa Without a Trace, tamthilia ya wapelelezi wa FBI wanaotafuta watu waliopotea, iliyorushwa Marekani kuanzia 2002 hadi 2009. Nikamwambia, huyo wa FBI ni wa baadaye. Kaa hapa kwanza.

Hortense alilelewa na wazazi wasiomzaa. Mama aliyemlea akishafariki, anamtafuta aliyemzaa, na anayempata ni Cynthia, mzungu anayefanya kazi kwenye kiwanda cha maboksi. Wanaketi mgahawani, upande mmoja wa meza, bega kwa bega, na kamera inatulia mbele yao zaidi ya dakika 7 bila kukatwa. Cynthia anakataa katakata, kisha anakumbuka, kisha machozi. Brenda Blethyn, aliyemwigiza Cynthia, alipewa tuzo kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, kwa nafasi ile, na hakupendelewa. Leigh haanzi na muswada, waigizaji wake hujenga watu wao kwa miezi, na kila mmoja hujua yale tu ambayo mhusika wake anayajua.

Lakini mimi humtazama huyo mwingine, Hortense. Anauliza kidogo, halafu ananyamaza. Ndiyo kazi yetu hiyo. Unabadilisha lenzi, unauliza ipi nzuri, hii au hii, unangoja. Ukimharakisha mtu atakuambia anaona, kumbe haoni, na kesho kutwa anarudisha miwani.

Mwaka 1997 Marianne aliteuliwa kuwania Oscar, mwanamke wa kwanza Mwingereza mweusi kuteuliwa kwa uigizaji. Tuzo ikaenda kwa Juliette Binoche. Mwaka huohuo alishiriki kutunga muziki wa Career Girls ya Leigh (watu husahau kwamba ni mwanamuziki pia). Na ni mwaka huohuo waigizaji vijana wa Uingereza walipopelekwa Cannes kusherehekea tamasha la 50, yeye akaachwa. Hakulimeza, alilisema hadharani. Baadaye akahamia Marekani, na miaka saba ya kutafuta watu waliopotea kwenye Without a Trace ikamlisha.

Alirudi kwenye runinga ya Uingereza mwaka 2015 katika msimu wa pili wa Broadchurch, akiwa wakili Sharon Bishop anayemtetea mtu ambaye sisi watazamaji tunajua kabisa kwamba ameua. Nilimchukia vibaya sana. Sifa hiyo.

Kisha 2024, filamu ya Hard Truths, yeye na Leigh tena, miaka 28 baadaye. Humo yeye ni Pansy, kinyume cha Hortense: anaamka kwa kushtuka, anagombana na mume, na mwanawe, na wauza duka, na daktari wa meno. Analalamika hata nguo ya mtoto mchanga kuwekwa mifuko, mtoto ana nini cha kutia mfukoni? Binti alicheka mpaka akalala kwenye zulia. Wakosoaji wa New York na wa Los Angeles walimpa tuzo ya mwigizaji bora. Oscar hawakumteua hata kuwania, na hilo mimi nitalisema mpaka nichoke.

Dadake Pansy, Chantelle, ni Michele Austin, yuleyule aliyekuwa rafiki yake Hortense kwenye filamu ya kwanza. Wanakwenda kaburini kwa mama yao siku ya akina mama, na dada anamuuliza kwa nini hawezi kuyafurahia maisha. Pansy anasema hajui. Hapo binti alikuwa ameshanyanyuka kwenye zulia, amekumbatia mto.

"Shangazi, huyu mama anaumwa nini?"

Nikamwambia filamu haisemi. Akanitazama kama vile nimemficha, akarudisha nyuma ile sehemu ya makaburi, tukaiangalia tena.