Nilivyojifunza Kusoma Maandiko Pamoja na Vitabu vya Ufafanuzi

Kwa miaka sita sasa ninaongoza darasa la Biblia la Jumatano jioni hapa Mikindani, Mombasa, katika nyumba ya mama mmoja mjane ambaye ndiye mkubwa wetu kwa umri na ndiye aulizaye maswali magumu kutushinda sote. Kazi yangu ya mchana ni ukarani katika ofisi ya wakala wa kutoa mizigo bandarini, wala sijapita chuo chochote cha theolojia. Ninalisema hili mapema ili msomaji ajue kwamba yote nitakayoyasimulia yalifanywa na mtu wa kawaida, jioni baada ya kazi na Jumamosi baada ya saa sita mchana.

Swali lililonianzisha lilitoka katika Ufunuo 3:15-16, pale kanisa la Laodikia linapoambiwa: "Ingekuwa heri kama ungekuwa baridi au moto." Nililifundisha fungu hilo kama nilivyolisikia likihubiriwa tangu utotoni, kwamba moto ni bidii ya imani, baridi ni kumkataa Mungu waziwazi, na uvuguvugu ni yule aliyeweka mguu mmoja ndani na mwingine nje. Mama mwenye nyumba alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akaniuliza kwa upole: "Kwa hivyo, mwanangu, Bwana aona ni heri mtu amkatae kabisa kuliko kumwamini kidogo? Mbona kwengine yasemwa kwamba utambi utokao moshi hatauzima?" Nilimjibu kwa maneno mengi, lakini nilipokuwa nikirudi nyumbani usiku ule nilijua wazi kwamba sikumjibu. Maneno ya utambi yako katika Mathayo 12:20, na nilikuwa nimeyasoma mara nyingi bila kuyaweka karibu na haya ya Laodikia.

Nilikimbilia kitabu cha ufafanuzi, yaani kinachoeleza Maandiko fungu kwa fungu, nilichokuwa nacho kwenye simu, kile cha Matthew Henry, ambacho hupatikana bure kwa kuwa ni cha miaka ya mwanzo ya karne ya 18. Nilikuwa nikikitumia kwa muda mrefu na bado ninakipenda, kwa sababu mwandishi wake alisoma Maandiko akiwa amepiga magoti. Hata hivyo, siku hizo ndipo nilipogundua mambo mawili ambayo ningepaswa kuyajua zamani. Kwanza, Henry alifariki mwaka 1714 akiwa amefika Matendo ya Mitume, na sehemu ya Nyaraka na Ufunuo ilikamilishwa na wahubiri wengine, hivyo kila nilipowaambia wanadarasa "Matthew Henry anasema" kuhusu Ufunuo, nilikuwa nikimsingizia. Pili, wafafanuzi wa wakati ule hawakuwa na nakala za kale za Maandiko, zilizoandikwa kwa mkono, ambazo wataalamu wa leo wanazo. Kodeksi ya Sinai, kitabu cha mkono cha Biblia ya Kigiriki cha karne ya 4, ilianza kujulikana kwa wataalamu wa Ulaya pale mtaalamu wa Kijerumani Tischendorf alipoziona kurasa zake katika monasteri ya Mtakatifu Katerina mwaka 1844, mwaka uleule ambao mmisionari Krapf alifika hapa Mombasa na kuanza kukitafsiri kitabu cha Mwanzo kwa Kiswahili akisaidiwa na kadhi wa mji. Tangu hapo ninavisoma vitabu vya zamani kwa ajili ya kujenga moyo, na ninapotaka habari za historia au za nakala ninatafuta vya karibuni.

Mchungaji wetu aliniazima kitabu cha juzuu moja kilichoandikwa na wataalamu 70 wa Kiafrika chini ya uhariri wa Tokunboh Adeyemo, kilichotoka mwaka 2006. Kitabu hicho kilinifaa sana, na mtu akiniuliza aanze na kipi, hicho ndicho ninachomtajia, kwa kuwa wafafanuzi wake wanayajua maisha ya kijiji, ya ukoo, ya mahari na ya kuwaheshimu waliotangulia. Lakini kitabu kinachobeba Biblia nzima katika kurasa zaidi ya 1,500 hakiwezi kukaa juu ya mistari miwili kwa muda mrefu. Ndipo mchungaji aliponiandikia barua ya kunitambulisha katika maktaba ya chuo kimoja, nikaruhusiwa kusoma humo ndani bila kuazima.

Jumamosi ya kwanza nilikaribia kukata tamaa. Ufafanuzi mkubwa wa kitaalamu hausomwi kama mahubiri. Kwanza huja tafsiri ya mwandishi mwenyewe, kisha tanbihi juu ya tofauti za nakala, kisha maelezo ya neno kwa neno, na ndani yake zimejaa herufi za mkato ambazo hakuna anayekueleza. Niliona LXX kila ukurasa nikadhani ni jina la mtu, kumbe ni 70 kwa tarakimu za Kirumi, nao ni mkato wa Agano la Kale la Kigiriki, linaloitwa hivyo kwa sababu ya mapokeo ya wazee 70 waliolitafsiri. Nilianza kuziandika alama hizo nyuma ya daftari langu, moja baada ya nyingine, na zilipofika kama thelathini nikajikuta ninasoma ukurasa mzima bila kusimama. Anayeanza leo asivunjike moyo na ukurasa wa kwanza, kwa maana ugumu mwingi uko katika alama hizo, nazo huzoeleka.

Kwa Jumamosi tatu nilikaa juu ya mistari ile miwili, na niliyoyakuta yalinigusa kama mkazi wa Mombasa. Colin Hemer, katika utafiti wake wa mwaka 1986 juu ya makanisa saba ya Ufunuo, anaeleza kwamba karibu na Laodikia, kama kilomita 10 hivi, ulikuwako mji wa Hierapoli wenye chemchemi za maji ya moto yaliyosifika kwa tiba, na upande mwingine ulikuwako Kolosai wenye maji baridi ya kunywa. Laodikia na Hierapoli zinatajwa na Paulo katika Wakolosai 4, akiwaandikia watu wa Kolosai. Laodikia yenyewe ililetewa maji kwa mifereji na mabomba, na mabomba yaliyochimbuliwa huko yameonekana yakiwa na chokaa iliyoganda ndani. Kwa maelezo hayo, moto ni mwema na baridi ni jema pia: moja huponya na jingine huburudisha, na lililo baya ni maji yasiyofaa kwa lolote. Swali la mama likawa limepata jibu, kwa sababu Bwana hakuwa akimtakia mtu yeyote ukafiri.

Jumatano iliyofuata ilikuwa katika kaskazi, na joto lilikuwa kali kiasi kwamba milango yote ilikuwa wazi. Nilimwomba muuza kahawa apitaye pale jioni aingie na dele lake, akatumiminia kahawa chungu ya tangawizi katika vifinjani, na binti wa nyumba akaleta jagi la maji lenye barafu. Kila mtu akanywa finjani moja na bilauri moja. Kisha nikawapa maji yaliyokuwa yameshinda juani ndani ya jerikeni, maji ya kisima ambayo kila mtu wa mtaani kwetu anaijua chumvi yake. Hakuna aliyemeza zaidi ya funda moja. Watu wanaoishi katika mji unaongoja maji ya Mzima na Marere yaje kwa bomba kutoka mbali hawakuhitaji kuelezwa zaidi, na nilirudi nyumbani nikiwa na furaha kubwa.

Furaha hiyo nililazimika kuirekebisha. Miezi michache baadaye niliusoma ufafanuzi wa Ufunuo wa Craig Koester uliotoka mwaka 2014, nikakuta kwamba maelezo yale yaliyonipendeza yana pingamizi nzito. Strabo, mwandishi wa jiografia wa zamani zile, aliyataja maji ya Laodikia kuwa yananyweka, na miji mingi ya wakati ule ililetewa maji kwa mifereji vilevile. Koester anaona kwamba mfano huu umetoka mezani, kwa kuwa watu wa wakati ule walipenda kinywaji kilichopashwa moto au kilichopozwa, na kinywaji cha uvuguvugu ni kile kilichoshika joto la chumba, kisichotofautiana na kilichokizunguka. Hemer na Koester wanakubaliana kwamba baridi si kukataa imani, na hilo ndilo jibu la mama. Wanachotofautiana ni mfano umetoka wapi, na mimi nilikuwa nimewafundisha watu chemchemi na mabomba kama kwamba hakuna mwenye shaka nayo.

Nilirudi darasani nikalieleza jambo hilo waziwazi, nikasema kwamba nilifundisha rai ya mtaalamu mmoja kana kwamba ni neno la Ufunuo lenyewe. Nilihofu kwamba wangeacha kuniamini. Badala yake, mama alisema kwamba kahawa na barafu vimetosha kumfafanulia, maji yawe ya bomba au ya mezani. Baada ya jioni ile nilibadili namna yangu ya kujitayarisha, na sijaiacha mpaka leo. Ninalisoma fungu kwa siku mbili nzima bila kufungua kitabu kingine, katika tafsiri mbili za Kiswahili, ya Muungano na ya Habari Njema, nikiandika maswali yangu upande wa kushoto wa daftari. Ndipo ninapofungua ufafanuzi, na ninaandika upande wa kulia majibu nikitia jina la aliyejibu na sababu aliyoitoa. Sababu ndiyo ninayoitafuta zaidi, maana mfafanuzi asiyetoa sababu ananiacha pale aliponikuta. Pia ninajilazimisha kusoma wawili wasiokubaliana, jambo ambalo huchukua muda mwingi, na kuna Jumatano ambazo nimefundisha mistari minne tu kwa sababu hiyo.

Ndugu mmoja kanisani aliniambia kwa uchungu wa kweli kwamba kufanya hivi ni kumfungia Roho Mtakatifu mlango na kuyafuata maneno ya wanadamu. Sikulipuuza neno lake, kwa kuwa nimeona wasomi ambao imani yao imekauka. Lakini mwenzangu wa ofisini, Mwislamu wa Mji wa Kale ambaye tunakaa meza moja, alishangaa niliposimulia habari hiyo, kwa maana kwao kuketi katika darsa na kumsikiliza sheikh akiifasiri aya ni jambo la kawaida tangu utotoni. Nami nikamkumbuka yule towashi wa Kushi katika Matendo 8, aliyesema, "Nitawezaje kuelewa, mtu asiponiongoza?" Roho ndiye aliyempeleka Filipo kwenye gari lile. Ninaamini kwamba Roho huyohuyo huweza kumtumia mtu aliyetumia miaka ishirini ya maisha yake kuyachunguza maandishi ya Kigiriki kwa uaminifu.

Mwenzangu huyo ndiye aliyenipa sababu nyingine ya kushukuru. Aliniuliza siku moja kwa nini Biblia ya Kiingereza ya mwaka 1611, katika 1 Yohana 5:7, inawataja Baba, Neno na Roho Mtakatifu wakishuhudia mbinguni, ilhali Habari Njema haina maneno hayo. Zamani ningelikasirika na kuona ninashambuliwa. Safari hii nilimwomba anipe wiki moja, nikasoma, nikarudi kumwambia niliyoyakuta: maneno hayo hayamo katika nakala za kale za Kigiriki, yalienea kupitia Kilatini, na Erasmus, mtaalamu aliyechapisha Agano Jipya la Kigiriki, aliyaacha nje katika matoleo yake ya mwaka 1516 na 1519 kabla ya kuyatia katika toleo la mwaka 1522. Nilimweleza pia kwamba walioyagundua na kuyachapisha hayo ni wataalamu wa Kikristo wenyewe, na kwamba imani yetu haikusimama juu ya mstari huo, kwa kuwa Mathayo 28:19 iko bila kutegemea maneno yale. Hakuikubali imani yangu, wala sikulitarajia hilo. Lakini aliniambia kwamba nimemjibu kama mtu aliyekisoma kitabu chake, na tangu siku hiyo tunaulizana maswali kwa heshima tukingoja meli zifunge gatini.

Sasa darasa letu limehama kutoka Ufunuo kwenda Wakolosai, na wiki iliyopita tulifika sura ya 4, mstari wa 16, ambapo Paulo anawaagiza waisome pia barua itokayo Laodikia. Niliwaeleza kwamba wafafanuzi hawakubaliani juu ya barua hiyo: wako wanaosema ni Waefeso, wako wanaosema ni Filemoni, na wako wanaosema imepotea. Nilizitaja na sababu zao. Mama mwenye nyumba aliomba daftari langu, akavaa miwani, akasoma upande wa kulia polepole huku kidole chake kikifuata mistari, kisha akaniuliza kama kitabu kile cha maktaba huweza kutolewa nakala ya kurasa chache, kwa kuwa ile sababu ya pili hakuielewa vizuri na angependa kuisoma mwenyewe kabla ya Jumatano.