Nilivyowasimulia wapenzi wa soka msimu wa Dons wa 1951 hadi wakasahau nyama

Kama unaishi na Waswahili huku California na umewahi kujaribu kuwaeleza mpira wa Kimarekani, unajua wanavyokuacha. Macho kwenye simu, na mmoja anauliza kachumbari iko wapi. Mimi nimefaulu, tena kwa msimu ambao pale kwetu Babu peke yake alikuwa ameshazaliwa. Acheni nijisifu kidogo.

Msimu wenyewe ni wa Dons, timu ya Chuo Kikuu cha San Francisco, mwaka 1951. Rafiki yangu, mwalimu, alinishauri nianze na sheria: wakizielewa, hadithi itajisimulia yenyewe. Uongo mtupu! Nilichapisha michoro ya uwanja, ya rangi, dola ishirini na ushei zikaenda, nikasimama mbele za watu. Yadi kumi, majaribio manne, hapa mpira umekufa, hapa haujafa. Shemeji akauliza, "Mpira wa miguu, mbona wanaubeba?" Kicheko. Akauliza tena mbona wanasimama kila baada ya sekunde tano. Nilipofika kwenye kuotea nilikuwa nimebaki na mtoto wa jirani, naye anakunja michoro yangu kutengeneza ndege. Iliyobaki iliwashia mkaa.

Safari iliyofuata sheria sikuzigusa. Nikaanzia mwisho: "Timu imecheza mechi tisa, imeshinda zote tisa. Haikualikwa popote, na chuo kikaivunja." Babu akaweka kikombe chini. "Walimkosea nani?"

Hapo tayari umewashika. Nikawaambia enzi zile vyuo havikuwa na fainali. Ukimaliza msimu vizuri unangoja mwaliko wa mechi kubwa za mwaka mpya, kama harusi, na mwenye shughuli ndiye anayechagua wageni. Dons walikuwa na wachezaji weusi wawili, Ollie Matson na Burl Toler. Salamu zilizotoka Kusini mwa Marekani, kwenye ubaguzi wa rangi, zilikuwa kwamba timu ingekaribishwa kama wawili hao wangebaki nyumbani. Wenzao wakagoma. Orange Bowl ya Januari 1952, mojawapo ya mechi hizo za mwaka mpya, wakacheza Georgia Tech na Baylor.

Shemeji, mbishi wa kuzaliwa, akasema asije akawa analilia timu mbovu. Nilikuwa nimejiandaa. Soda za Meksiko, zile za chupa ya kioo (ghali kuliko za kopo, lakini zina vifuniko). Nikapanga vifuniko kumi na kimoja kila upande wa mkeka: vya Fanta ni Fordham ya New York, vya Coca-Cola ni Dons, na njugu moja ndiyo mpira. Fordham wanapiga mpira wa kuanzia, Matson anaudaka huku nyuma kabisa. Nikaisogeza njugu taratibu, na mkono wa pili nikisukuma Coca-Cola moja moja kuwazibia Fanta njia, hadi mwisho wa mkeka. Yadi 94! Nikavipanga upya, njugu ikapita tena: yadi 90, mechi ileile. Dons 32, Fordham 26. Babu akaniondoa pale akaikimbiza njugu mwenyewe. Kuzibiana njia, ambako kwenye michoro hakuna aliyekuelewa, sasa wanabishana nani alizembea.

Takwimu zichovye kidogokidogo. Yadi 1,566 alizokimbia Matson na mpira msimu ule, hakuna aliyemfikia nchi nzima, sawa, lakini kilichowasimamisha ni medali zake mbili za riadha, Olimpiki ya Helsinki 1952. Pete Rozelle aliyekuwa akiinadi timu kwa waandishi, baadaye akawa mkuu wa NFL, ligi ya kulipwa ya mpira huo, nilimpitia mbio.

Ugomvi ulizuka nilipoeleza kuwa timu ilikuwa inakitia chuo hasara, na fedha za mechi kama Orange Bowl pengine zingeipa pumzi. Binamu akasema wangekwenda tu bila wale wawili, waokoe timu. Sauti zilipanda hadi nyama ikaungua upande mmoja. Mimi niko na wachezaji, na binamu hadi leo ananinunia.

Toler mfiche mpaka hapo. Goti lilimharibikia 1952 kabla hajacheza hata mechi moja ya ligi ya kulipwa, na 1965 akaingia NFL kama mwamuzi wa kwanza mweusi. Shemeji akapiga paja: "Kumbe walimkatalia kucheza, akaja kuwapulizia filimbi!"