Nilivyootesha toromiro dirishani kwangu Göteborg

Toromiro niliuona kwanza kwenye bustani ya mimea ya hapa Göteborg, Uswidi, ninakoishi. Ni mti mdogo wa jamii ya mikunde, na asili yake ni Rapa Nui peke yake, kisiwa kidogo katikati ya Pasifiki. Wenyeji walichonga kwa mbao zake sanamu za watu wembamba, mbavu zimewatoka. Kondoo na shoka wakaumaliza. Ulibaki mmoja ndani ya kreta ya volkano ya Rano Kau, na kufikia miaka ya 1960 huo nao haukuwepo tena. Mbegu zilizotoka kisiwani na msafara wa Thor Heyerdahl, mvumbuzi wa Norwei, wa 1955–56 ndizo zilizooteshwa hapa mjini. Nilirudi nyumbani siku hiyo nikiwa na uchungu wa kweli.

Baadaye mpenda miti mwenzangu alinipa mbegu tano, ngumu kama kokoto. Mbili nilizimwagia maji yaliyochemka, kama tunavyofanya kwetu kwa mbegu za mlusina. Zikaoza. Nikampigia mama.

"Mwanangu, kwani huna msasa?"

Nilikwaruza ganda upande ulio mbali na kitovu cha mbegu, taratibu, mpaka weupe wa ndani ukaanza kuonekana. Hapo nikaacha. Nikaziloweka usiku kucha kwenye maji ya vuguvugu; asubuhi mbili zilikuwa zimevimba. Ya tatu nikaikwaruza tena, nayo ikavimba. (Mwenye watoto aziweke mbali, mbegu za ukoo huu zina sumu.)

Zote tatu zilichipua, lakini mche mmoja uliuawa na kinyausi, ugonjwa wa ukungu unaoozesha miche michanga, shina likalala juu ya udongo kama uzi uliolowa. Nilikuwa namwagilia kila siku. Tangu hapo nachanganya udongo na changarawe nyingi, na simwagilii kabla sijachomeka kidole nikakuta pamekauka.

Kipindi cha baridi ndicho kilichonisumbua zaidi. Karibu na hita majani yalipukutika, na nje barafu ingeiua. Nikaihamishia kwenye dirisha la ngazi, penye mwanga na ubaridi usiofika kuganda. Huko ndiko ilikotulia.

Mwaka wa tano, asubuhi moja, mmoja ulikuwa na maua manne ya njano, yameinama, umbo lake kama la maua ya mbaazi. Nilimwita mama kwa video, nikaishika simu karibu na ua mpaka petali zikajaa kioo chote, naye akanyamaza akiangalia.