Stika ya Machi: nilivyoponea faini ya gari Texas kwa dola 20

Januari 2025 kundi letu la WhatsApp la Watanzania wa Dallas lilipata habari njema: Texas imefuta ukaguzi wa magari. Watu wakashusha makofi. Mimi niliisoma nikiwa kwenye mapumziko ya zamu ya jioni, nikaimeza nzima. Kitu kama hicho nilikwisha kukiona nyumbani. Mwaka 2017 serikali yetu ilifuta ile ada ya kila mwaka ya leseni ya gari, tuliyozoea kuiita rodi laisensi, na stika yake ikatoka kwenye vioo. Nilichosahau ni kwamba hata kule hela haikusamehewa. Ilihamia kwenye mafuta, shilingi 40 kwa kila lita.

Huku nako ilikuwa hivyo hivyo. Kilichofutwa ni ukaguzi wa usalama kwa magari ya kawaida: breki, taa, matairi, honi. Ada yake, dola 7.50, imebaki palepale, unailipa pamoja na usajili. Na kupimwa moshi hakukufutwa kabisa katika kaunti 17 za miji mikubwa, Dallas ikiwamo. Yote haya niliyajua baadaye, na kwa kujifunza vibaya.

Stika yangu ya usajili wa gari ilikuwa inaisha Machi. Texas stika haikai kwenye namba za gari, inabandikwa kioo cha mbele upande wa dereva, ndani, na mwisho wake ni siku ya mwisho ya mwezi ulioandikwa. Barua ya kunikumbusha ilitumwa kwenye nyumba niliyohama Oktoba. Nilibadilisha anwani benki na kazini, kwenye usajili wa gari sikukumbuka. Sheria haijali kama barua umeipata au hukuipata.

Tarehe 16 Aprili, kama saa tano na nusu usiku, taa za buluu na nyekundu zikawaka nyuma yangu. Nikasogea pembeni, nikashusha kioo, mikono juu ya usukani. Askari alikuwa mpole, lakini upole haukumzuia kuandika. Akaniambia usajili umeisha Machi, akanipa karatasi yenye tarehe ya kujibu mahakamani. Nyumbani sikulala. Neno mahakama, ukiwa mgeni kwenye nchi ya watu, linakaa vibaya tumboni.

Kesho yake nilikuwa nimeshafungua simu nilipe faini yaishe. Aliyenizuia ni mzee mmoja wa Bukavu tunayefanya naye kazi. "Ndugu, usilipe mbio mbio," akasema. "Ukilipa, umesha kubali kosa. Enda utengeneze gari kwanza, halafu peleka karatasi kule kwa tribinali." Yeye alishapitia.

Nikakaa na kusoma. Ukishapitwa na mwezi wako, Texas inakupa siku tano za kazi kabla kutembea na stika hiyo hakujawa kosa. Zangu ziliisha mapema Aprili. Faini inaweza kufika dola 200. Lakini ukisajili gari ndani ya siku 20 za kazi tangu ukamatwe, au kabla ya tarehe yako ya kwanza ya mahakama, yoyote itakayochelewa zaidi, hakimu ana ruhusa ya kuifuta kesi kwa ada isiyozidi dola 20. Sharti uwe umelipa na nyongeza ya asilimia 20 ya ada ya usajili. Nikaona hii inawezekana, wiki moja inatosha.

Haikutosha. Dallas gari halisajiliwi bila kupita kipimo cha moshi, na siku mbili kabla ya kipimo hicho betri ya Corolla yangu ilikuwa imekufa nikaweka mpya. Nikaenda kupima moshi nikiwa na uhakika, taa ya injini haiwaki, gari linanguruma vizuri. Kijana akachomeka waya chini ya usukani, akasubiri, akatikisa kichwa. Gari halijafeli, akasema, ila haliko tayari.

Hapa ndipo nilipopata somo la ufundi ambalo sikuliomba. Siku hizi hawapimi moshi kwenye ekzosi, wanaiuliza kompyuta ya gari. Kompyuta hiyo huwa inajikagua yenyewe unapoendesha, kidogo kidogo, na majibu inayahifadhi. Ukichomoa betri inasahau yote. Kwa gari la 2001 na kuendelea wanakubali kipengele kimoja tu kiwe hakijakamilika. Langu lilikuwa na vitatu. Dawa, akasema, ni kuendesha: barabara kuu kwa mwendo usiobadilika, kisha mjini kwenye mataa, kisha ulizime lilale usiku kucha hadi injini ipoe, uwashe tena. Rudia siku kadhaa.

Niendeshe vipi gari ambalo limeshaandikiwa kosa kwa kuendeshwa? Sina jibu la kujivunia. Kazini nilipewa lifti na mzee wa Bukavu. Corolla niliitoa Jumamosi na Jumapili alfajiri, watu wamelala, ile karatasi ya askari na cheti cha kipimo cha kwanza vikiwa juu ya kiti. Kila gari jeupe lililotokea kwenye kioo cha nyuma nilidhani ni polisi. Simshauri mtu. Cha kushauri ni kwamba kama mwezi wako umekaribia, betri usiiguse mpaka umalize kupima.

Jumatatu likapita.

Kwenye intaneti sikuweza kulipa, maana ukishaandikiwa kosa mlango huo unafungwa. Nikapanga foleni ofisi ya kodi ya kaunti na cheti cha bima. Ada ya msingi dola 50.75, ile 7.50 ya ukaguzi "uliofutwa", tozo za kaunti, na asilimia 20 yangu ya uzembe, kama dola 10. Nikadhani angalau mwaka mpya ungeanza Aprili. Wapi! Stika ikatoka imeandikwa Machi 2026. Siku nilizochelewa nimezilipia pia.

Mahakamani hata hakimu sikumwona. Karani nyuma ya kioo akaangalia risiti, akanakili, akapokea dola 20, akanipa karatasi kwamba kesi imefutwa. Dakika kumi hazikufika. Tumbo likaachia.

Jioni nikaandika kundini, kwa urefu, kwamba moshi bado unapimwa na stika bado inaisha. Yule kaka aliyeleta habari Januari alikuwa wa kwanza kujibu. Akauliza anaweza kuangalia wapi mwezi wa stika yake. Nikamwambia atoke nje asome kioo. Baada ya dakika mbili akatuma picha: Februari.